H&N Cup, Munich: Mashindano Yanayostahili Safari

Mashindano ya kimataifa ya H&N Cup, ya bunduki na bastola za upepo, niliyatazama katika viwanja vya kulengea shabaha vya Hochbrück, nje kidogo ya Munich, vilivyojengwa kwa ajili ya Olimpiki ya 1972, ambavyo mgeni huvifikia kwa treni ya chini ya ardhi bila taabu. Nilikaa nyuma ya mlengaji mmoja wa bunduki kwa raundi nzima: risasi 60 ndani ya dakika 75, kutoka umbali wa mita 10, zote zikiwania kitone cha katikati ya shabaha, cha alama kumi, chenye kipenyo cha nusu milimita. Kila alipoinua bunduki kisha akaishusha bila kufyatua, nami nilishusha pumzi. Alama husomwa hadi desimali, 10.9 ikiwa ya juu kabisa, na skrini huionyesha papo hapo. Hata hivyo, bastola ndiyo iliyonivutia zaidi, kwa kuwa hushikwa kwa mkono mmoja usioegemezwa popote, na kila mtetemo huonekana. Hoteli niliyofikia ilichelewesha kifungua kinywa, nikakosa raundi ya kwanza, jambo ninalolijutia hadi leo. Mwendao, fikeni mapema.