Dimo Kolarov: uanzie ufukweni au mlimani?

Anayetaka kumjua Dimo Kolarov, mpigapicha wa filamu wa Bulgaria, aanze na ipi kati ya filamu zake hizi mbili? Zote ni za nyeusi na nyeupe.

“Jua na Kivuli” (1962), iliyoongozwa na Rangel Vulchanov, iko ufukweni mwa Bahari Nyeusi. Kijana na msichana wanakutana. Msichana anaandamwa na hofu ya vita vya nyuklia. Mwanga umejaa tele, ila maongezi yamezidi, angalau kwangu mimi.

“Pembe ya Mbuzi” (1972) ya Metodi Andonov ndiyo chaguo langu. Ni karne ya 17, Bulgaria ikitawaliwa na Waosmani. Mchungaji Karaivan anamlea binti yake, Maria, kama mvulana, ili walipize kisasi kwa wanaume waliombaka na kumuua mama yake Maria. Kila anayeuawa huachiwa pembe ya mbuzi. Watu hawasemi sana, kwa hiyo kamera ndiyo inayosimulia: majabali, ngozi za mbuzi, na uso wa Katya Paskaleva, anayeigiza mama na binti katika filamu hiyohiyo. Mtazame anavyobadilika Maria anapoanza kupenda. Ile ya ufukweni itafuata, ukipata wasaa.