Vitabu kuhusu Wambuti, Waefe na Watwa: nilivyovisoma na ninavyovipima

Nimekulia Bukavu, mashariki mwa Kongo, na Watwa walikuwa wakishuka kutoka upande wa mlima Kahuzi kuja kuuza kuni na makaa. Watu wazima niliowaheshimu walinunua kwao, wakapunguziwa bei, lakini hawakukubali kunywea nao kikombe kimoja. Jambo hilo lilinikaa moyoni. Nilipoanza kupata fedha ya vitabu, nikawa natafuta chochote kilichoandikwa kuhusu watu wa misitu ya Afrika ya Kati: vya anthropolojia, vya safari, na riwaya. Vingi nilivipata vikiwa vimekwisha kutumika, vingine niliazima, vyote kwa Kiingereza au Kifaransa. Nitawataja watu hao kwa majina yao wenyewe, kwa sababu neno mbilikimo nimelisikia likitumika kama tusi mara nyingi mno.

Kipimo changu ni kimoja. Nikifunga kitabu, je, namkumbuka mtu mmoja kwa jina lake, na najua alikuwa anataka nini? Vitabu vingi vya aina hii vinaupenda msitu kuliko wanaoishi ndani yake.

Wengi huanza na The Forest People cha Colin Turnbull, kilichotoka mwaka 1961, nami naona ni sawa. Turnbull alikaa na Wambuti karibu na mto Epulu, katika msitu wa Ituri, miaka ya 1950. Lugha yake ni nyepesi, haina majedwali wala istilahi za kuchosha, na unaweza kukimaliza kwa siku chache. Tena, sehemu ya mazungumzo yaliyomo yalifanyika kwa Kingwana, Kiswahili cha kule kwetu mashariki, kwa hiyo mara kwa mara niliposoma sentensi ya Kiingereza niliisikia jinsi ilivyosemwa hasa.

Kuna sehemu mbili ninazozirudia. Ya kwanza inahusu molimo, sherehe kubwa ambayo wanaume huimba usiku baada ya usiku kuuamsha msitu, hasa kambi inapopatwa na msiba. Mwandishi alitarajia kuona tarumbeta ya kale iliyochongwa kwa heshima kutoka kwenye mti. Walipoileta, ilikuwa bomba la chuma lililochukuliwa kwa wajenzi wa barabara. Alipowauliza, walishangaa kwamba jambo hilo linamsumbua: bomba linatoa sauti nzuri, na chuma hakiozi kama mti. Ukurasa huo mmoja unatosha kuondoa ile dhana kwamba watu hawa ni mabaki ya zama za mawe wasiotaka kuguswa na dunia. Walijua kilicho kitakatifu kwao na kisicho kitakatifu. Sauti ndiyo iliyokuwa na uzito.

Ya pili ni kisa cha Cephu. Wambuti wa kundi lile huwinda kwa nyavu: wanaume wanazitandaza kwa nusu duara, wanawake na watoto wanafukuza wanyama kuelekea huko. Cephu alitega wavu wake mbele ya nyavu za wenzake ili mnyama akimbilie kwake kwanza. Waliporudi kambini hakuna aliyempa kiti. Alipojitetea kwamba naye ni mkubwa mwenye watu wake, aliambiwa basi aondoke na watu wake akawe mkubwa huko. Kambi yake ni ndogo mno kuwinda kwa nyavu peke yake, naye alijua. Aliomba radhi, nyama yake ikagawanywa hadi ile iliyokuwa chunguni, mwenyewe akilia. Usiku ule ule alikuja kukaa na wenzake akaimba nao. Hakukuwa na askari wala hakimu, na sikuwahi kusoma maelezo mazuri kuliko haya ya jinsi jamii inavyoweza kumwadhibu mtu bila kumpoteza.

Humo pia mna kisa maarufu cha Kenge, kijana aliyesafiri na Turnbull kutoka msituni hadi mbuga zilizo karibu na Ziwa Edward. Alipoona nyati kwa mbali sana aliuliza ni wadudu gani wale. Vitabu vya saikolojia vimekinyofoa kisa hicho peke yake, na Kenge amebaki humo kama mtu asiyejua kuona. Ninawasihi wanafunzi wa saikolojia wasome kitabu kizima. Kenge wa kitabu kizima ni mcheshi, ana kiburi chake, anamsimamia mgeni wake kwa mambo mengi, na hupenda hata kucheza ngoma peke yake mbalamwezini. Aliyezoea kuona hatua chache tu mbele yake kwa sababu ya miti hana aibu yoyote kwa kukosea umbali siku yake ya kwanza kwenye uwanda.

Kama ni nyota, nampa Turnbull nne kati ya tano. Nyota moja naikata kwa ajili ya wanakijiji. Wakulima walio majirani wa Wambuti wanaonekana kwake kama watu waoga na washirikina, wanaodhani wanawatawala Wambuti huku Wambuti wanawacheka pembeni. Mimi nimekulia kijijini na mjini kati ya wakulima, na siwatambui watu hao. Halafu mwaka 1972 Turnbull alitoa kitabu kingine, The Mountain People, kuhusu Waik wa kaskazini mashariki mwa Uganda, na humo hali ikageuka: aliwaona kama watu waliokwisha utu, akafikia kupendekeza watawanywe. Mwanaisimu Bernd Heine, aliyefanya kazi kwa Waik baadaye, alimpinga kwa maandishi mwaka 1985. Niliposoma vyote viwili nilielewa tatizo. Mtu anayeweza kulipenda taifa zima kwa mpigo mmoja anaweza pia kulichukia taifa zima kwa mpigo mmoja. Soma Turnbull kwa furaha, lakini usimwachie yeye neno la mwisho.

Dawa yake ni Houses in the Rainforest cha Roy Richard Grinker, cha mwaka 1994. Si kitabu chepesi. Kimeandikwa kwa ajili ya chuo, aya ni ndefu, na sura za mwanzo zinabishana na wanaanthropolojia wengine kwa muda mrefu kuliko nilivyotaka. Vumilia. Grinker aliishi Ituri pia, lakini alikaa kwa Walese, wakulima, na kutoka huko akawatazama pamoja na Waefe, wawindaji wanaoishi karibu nao. Hoja yake ni kwamba huwezi kuwaelewa Waefe ukijifanya Walese hawapo. Mlese na Mwefe hurithi ushirika kutoka kwa baba zao. Nyama na asali vinakuja upande mmoja. Muhogo, ndizi na zana za chuma zinakwenda upande wa pili. Mwefe anahesabiwa kuwa ndani ya nyumba ya mwenzake Mlese, na ndani ya nyumba hiyo hiyo anawekwa chini.

Sehemu hiyo ya mwisho ndiyo iliyonigusa. Nilikuwa nimezoea kudhani kwamba dharau huzaliwa pale watu wasipojuana. Grinker anaonyesha dharau inayoishi kati ya watu wanaojuana tangu kwa babu, wanaolishana, wanaozikana. Hapo nilipata maelezo ya kile nilichokiona Bukavu, ingawa Bukavu si Ituri na Watwa si Waefe. Kwa anayefundisha, anayefanya kazi kwenye shirika la misaada, au anayeandika habari kuhusu ardhi na misitu, hiki ndicho kitabu cha kununua hata kama bei yake ni ya chuo kikuu.

Nipite haraka kwenye vingine viwili. Intimate Fathers cha Barry Hewlett, cha 1991, kinahusu akina baba wa Waaka, watu wa msitu wa Jamhuri ya Afrika ya Kati na Kongo-Brazzaville. Ni kitabu cha kupima na kuhesabu, na hesabu yake inajulikana: baba yuko na mtoto mchanga mkononi, au karibu kiasi cha kumfikia kwa mkono, takriban asilimia 47 ya muda. Kinakauka kwa takwimu, lakini niliisoma sura ya akina baba kwa sauti nyumbani, na tulibishana hadi usiku. Song from the Forest cha Louis Sarno, cha 1993, ni cha Mmarekani aliyesikia nyimbo za msituni redioni, akaenda kuzitafuta, akabaki huko Yandoumbé, kijiji cha Waaka katika Jamhuri ya Afrika ya Kati, hadi karibu na kifo chake mwaka 2017. Sarno anasema ukweli kuhusu tumbaku, pombe, kuombwa vitu kila siku na kugombana. Nafasi ya mwandishi mwenyewe humo ni kubwa mno, lakini masikio yake ni mazuri. Kisome huku unasikiliza uimbaji wa Waaka, ule ambao UNESCO iliutambua mwaka 2003, la sivyo nusu ya kitabu inapotea.

Vitabu vya wasafiri wa karne ya 19 sivipendekezi kwa msomaji wa kawaida. Nilikisoma cha Stanley, In Darkest Africa cha 1890, kwa sababu wapagazi wengi wa msafara wake walitoka Zanzibar na nilitaka kuwaona. Nilichokiona zaidi ni bunduki na njaa.

Kuhusu Ota Benga, mtu wa misitu ya Kongo, kuna vitabu viwili, na hapa uchaguzi ni muhimu. Ota Benga alitolewa Kongo mwaka 1904 na Mmarekani Samuel Phillips Verner, akaonyeshwa kwenye maonyesho makubwa ya St. Louis. Mwaka 1906 aliwekwa kwenye nyumba ya nyani katika bustani ya wanyama ya Bronx, New York, watu wakaja kwa maelfu kumtazama. Wachungaji weusi wa mji ule, akiwemo James H. Gordon, ndio waliosimama kupinga hadi akatolewa. Baadaye aliishi Lynchburg, Virginia, akafanya kazi kwenye kiwanda cha tumbaku, na Machi 1916 akajiua kwa bastola.

Kitabu cha kwanza, cha 1992, mmoja wa waandishi wake wawili ni mjukuu wa Verner, na humo Verner anatokea kama rafiki. Cha pili ni Spectacle cha Pamela Newkirk, cha 2015. Newkirk alirudi kwenye barua na magazeti ya wakati ule, na urafiki huo unapukutika mbele ya macho yako, ukurasa baada ya ukurasa. Nunua cha Newkirk. Kinaumiza, na kuna usiku nililazimika kukiweka kando, lakini kinampa Ota Benga kitu ambacho waliomwonyesha hawakumpa: hasira yake mwenyewe, werevu wake, na watu wa Lynchburg waliompenda. Kwa wanaotafuta cha kumpa kijana wa sekondari, ningempa hiki, mzazi akiwa karibu.

Riwaya ni chache, nami nilizitafuta kwa hamu kuliko vyote. Le Silence de la forêt ya Étienne Goyémidé wa Jamhuri ya Afrika ya Kati, ya 1984, ina Gonaba, mkaguzi wa shule aliyechoshwa na wakubwa wenzake, anayeacha kazi kwenda kuishi na Wababinga, watu wa msitu wa nchi hiyo. Ni riwaya fupi na yenye uchungu wa kweli juu ya jinsi Waafrika tunavyowatendea Waafrika wenzetu. Hata hivyo Gonaba ndiye anayesema, na wenyeji wake wanabaki kuwa shule ya kumfundisha yeye.

Congo Inc. ya In Koli Jean Bofane, iliyotoka kwa Kifaransa mwaka 2014 na kwa Kiingereza mwaka 2018, inafanya jambo ambalo sikuwa nimeliona popote. Mhusika mkuu, Isookanga, ni kijana wa Kiekonda, watu wa msitu wa Kongo. Mnara wa simu umejengwa karibu na kijiji chao, amejipatia kompyuta ya mtafiti kutoka Ulaya, na sasa anashinda mtandaoni akicheza mchezo wa kugombania madini na mafuta. Mjomba wake Lomama anataka amrithi uchifu. Isookanga hataki. Anachotaka ni biashara, fedha, dunia nzima. Anakwenda Kinshasa, anaishi na watoto wa mitaani sokoni, anaingia ubia na Mchina aliyekwama mjini. Ana akili, ana tamaa, anadanganya, anapendwa. Hakuna anayemhurumia, na Bofane hamruhusu msomaji kumhurumia pia. Baada ya miaka ya kusoma vitabu ambavyo mtu wa msituni anasifiwa kwa kutotaka kitu, nilijisikia kama nimefunguliwa dirisha. Niseme wazi lakini: ina kurasa za ukatili wa vita vya mashariki mwa Kongo ambazo aliyeyapitia mambo yale anaweza kushindwa kuzisoma. Mimi niliziruka mara ya kwanza.

Kwenye rafu yangu bado pana pengo. Tangu Julai 2022 Kongo ina sheria ya kulinda haki za watu hawa, lakini kitabu ninachokitaka sijakishika bado: cha Watwa wa Kahuzi, waliotolewa kwenye msitu wao hifadhi ya taifa ilipoanzishwa mwaka 1970 na kupanuliwa mwaka 1975. Kuhusu sokwe wa mlima ule nimeona vitabu vyenye picha nzuri. Watwa wanakijua Kiswahili, kwa hiyo hakihitaji kupitia Paris wala Chicago. Mtwa akikiandika, ningependa kianze na siku ya kuhamishwa, kitaje majina ya familia, na kiseme kila moja ilikwenda kulala wapi.