Uzoefu wangu na CP/M 2.2, mfumo endeshi wa mwaka 1979

Ninaitumia CP/M 2.2 kwenye kompyuta mpakato yangu kupitia programu inayoiga mashine yenye prosesa ya Z80 na kumbukumbu ya kilobaiti 64, na maoni haya nawaandikia wanaotaka kuujua kwa vitendo mfumo uliotamba kabla ya MS-DOS ya Microsoft.

Ukiuwasha unaona A> peke yake, bila menyu wala maelezo. Niliandika MSAADA, nao ukajibu "MSAADA?", kwani amri usiyoitambua huirudia tu na kuiwekea alama ya kuuliza. DIR huorodhesha mafaili, na ERA hufuta faili papo hapo, ikiuliza kwanza pale tu unapotaka kufuta yote. PIP, programu ya kunakili, inahitaji kuzoewa, maana faili linakokwenda hutajwa kabla ya linakotoka: PIP B:=A:BARUA.TXT. Ukibadilisha disketi bila kubonyeza Control na C, mfumo hukataa kuiandikia ile mpya. Kero hiyo nimeipenda baada ya kuielewa: orodha ya nafasi zilizo wazi hutunzwa kwenye kumbukumbu, na kuandika kwa kufuata orodha ya disketi iliyoondolewa kungeharibu mafaili ya iliyoingizwa.

Kinachonivutia zaidi ni jinsi ulivyopangwa. Gary Kildall aliandika toleo la kwanza mwaka 1974 huko Pacific Grove, California, kwa lugha ya PL/M ambayo yeye mwenyewe aliibuni kwa ajili ya Intel, na baadaye akaitenga BIOS, yaani sehemu inayowasiliana na vifaa. Kwa hiyo kila mtengenezaji wa kompyuta aliandika BIOS yake tu, na programu kama WordStar ya kuandikia na dBASE II ya hifadhidata zikaweza kutumika kwenye Osborne 1, Kaypro na mashine nyingine nyingi. Sehemu mbili zilizobaki, ile inayopokea amri na ile inayosimamia mafaili, zinachukua kilobaiti 5.5 kwa pamoja. Tena programu ikihitaji nafasi zaidi inaruhusiwa kuifuta kabisa inayopokea amri, ambayo husomwa upya kutoka kwenye diski programu inapomaliza kazi. Sijaona ubanaji matumizi mzuri kama huo.

Mapungufu yapo. Mafaili hayana tarehe, folda hazipo, na majina hayazidi herufi nane na tatu za kiambishi. Kwa kompyuta ya IBM, CP/M-86, yaani toleo la CP/M kwa prosesa za aina ya 8086, iliuzwa dola 240 wakati PC DOS, yaani MS-DOS kwa jina la IBM, iliuzwa dola 40, na kwa maoni yangu bei hiyo iliiumiza kuliko upungufu wowote wa kiufundi, kwa sababu 86-DOS ya Tim Paterson, iliyozaa PC DOS, ilifuata kwa karibu namna programu zinavyouita mfumo katika CP/M.

Kwa kazi za kila siku siwezi kuipendekeza. Mwanafunzi wa kompyuta, hata hivyo, ataambulia mengi akianza na ASM, ya kutafsiri lugha ya assembly, na DDT, ya kukagua programu inavyoendeshwa, zinazokuja pamoja na mfumo, aandike programu ndogo ya kuonyesha herufi moja, kisha aifuatilie hatua kwa hatua hadi inapouita mfumo.