Snokeli Kigoma kwa siku moja: pesa yako inakwenda wapi

Habari zenu watazamaji, karibuni. Leo tunachambua ile ziara ya siku moja inayouzwa hapa Kigoma: unapewa miwani, mrija na mapezi, unapelekwa kwenye miamba ya Ziwa Tanganyika, unaelea kifudifudi unatazama samaki, jioni umerudi mjini. Hatutaji kampuni, tunachambua huduma yenyewe, ili ukifika kwa mwenye boti ujue cha kuuliza kabla hujatoa hela.

Tuanze na lile swali la kila siku. Kuna kasa? Hakuna. Kasa ni wa baharini. Ukiona tangazo la Kigoma lenye picha ya kasa anaogelea, picha hiyo imetoka Unguja au ng'ambo, na mtu anayeanza na picha ya uongo mwangalie vizuri hata kwenye bei. Wanaotaka kasa na mapango waende Kizimkazi, au bwawa la Mnarani kule Nungwi. Huku kwetu mapango ni nyufa za mawe, zinamtosha samaki. Wewe usiingize hata mkono, na sababu tutaisema.

Sasa huku unalipia nini? Unalipia maji meupe. Siku tulivu unaona chini mita 10, mara nyingine zaidi ya 20, na hayana chumvi, kwa hiyo macho hayawashi miwani ikivuja, wala koo ukimeza funda. Halafu unalipia samaki. Ziwa hili lina kina cha mita 1,470, la pili duniani baada ya Baikal, lakini huku kaskazini hewa ya kupumua samaki inaishia kwenye mita 100 hivi za juu. Chini ya hapo ni maji yasiyo na oksijeni. Na wale wenye rangi wamejazana karibu na mwanga, kwenye mawe ya ufukweni. Ndiyo maana huku huhitaji mtungi wa hewa. Mrija unatosha kabisa.

Vifurushi viko viwili. Kifupi ni upande wa Katonga, ufukwe wa Jakobsen, ambao wengine wanauita Mwamahunga, kilomita kama 5 kutoka mjini. Unafika kwa bajaji au bodaboda, boti si lazima. Kirefu ni Gombe, kilomita 16 kaskazini, kwa boti, na ni hifadhi ya taifa, kwa hiyo kuna kiingilio cha hifadhi juu ya gharama ya boti.

Msimamo wetu tunausema mapema: kama shida yako ni samaki, chukua kifupi. Gombe ni nzuri sana, mlima bado una msitu, udongo haushuki ziwani kama kwenye vilima vilivyokatwa miti, kwa hiyo hata msimu wa mvua maji yake hayachafuki haraka. Tatizo ni ratiba. Wengi wanauziwa sokwe na snokeli siku moja. Sokwe wanafuatwa asubuhi, mnapanda mlima, mnashuka saa saba au saa nane mchana mmechoka, na saa hizo upepo umeshaamka. Unaingia kwenye maji yanayopiga mawe, mchanga umetibuka, unaona mapezi yako tu. Hapo ziwa halina kosa. Mpangaji ndiye aliyeliweka mwisho wa ratiba.

Na usidanganywe kwamba utakwenda Gombe na boti za abiria ukarudi siku hiyohiyo. Zile za mwalo wa Kibirizi huondoka kuanzia mchana, zinasimama kijiji kwa kijiji, mwendo wa saa tatu hadi nne, na kurudi ni kesho yake asubuhi. Ni usafiri mzuri wa bei ndogo kwa mtu anayelala huko. Ziara ya siku moja ni ya boti ya kukodi, ambayo ikiwa na injini ya nguvu inaweza kufika ndani ya saa moja na kitu. Mafuta ndiyo yanayokula bei. Kwa hiyo mkiwa wawili mtalia, mkiwa wanane mtacheka.

Muda wa kuingia majini ni asubuhi. Saa moja na nusu hadi saa nne na nusu, basi. Kuanzia Mei hadi Septemba upepo wa kusini unakuwa mkali zaidi, mnaweza kuahirisha siku nzima, na nahodha anayekubali kuahirisha ndiye wa kurudi kwake. Msimu wa mvua ziwa linatulia kati ya mvua na mvua, lakini siku moja baada ya mvua kubwa kaa mbali na midomo ya vijito, maji yanakuwa rangi ya chai ya maziwa.

Haya, vifaa. Hapa tukae kidogo, maana siku nyingi huharibikia hapa.

Miwani. Ichukue, usivute mkanda, iweke usoni mkanda ukining'inia mbele, vuta hewa kidogo kwa pua, kisha achia mikono. Ikibaki imeganda usoni sekunde 5, hiyo ni yako. Ikidondoka, au ukisikia hewa inaingia pembeni ya pua, rudisha, omba nyingine. Kuvuta mkanda mpaka paji la uso lipate alama hakuzibi uvujaji, kunaukunja mpira na maji yanaingia zaidi. Nywele moja iliyolala chini ya mpira inatosha kuvujisha. Kina dada wenye rasta na kilemba, mkanda upite juu ya nywele lakini mpira wote uguse ngozi. Kina kaka wenye sharubu, mafuta ya mgando kidogo chini ya pua.

Ukungu kwenye kioo: mate. Tema, sugua kwa kidole, suuza mara moja tu, vaa papo hapo. Miwani mpya kabisa ina utando wa kiwandani ambao mate hayauwezi, isuguliwe ndani kwa dawa ya meno ya kawaida kabla ya siku ya safari. Ukipewa miwani mpya na mwongozaji hajui hilo, utashinda unaivua na kuivaa.

Zile kubwa zinazofunika uso mzima sisi hatuzipendekezi. Ya bei rahisi inabakiza hewa chafu uliyoitoa, unaanza kuumwa kichwa, na ukitaka kuzama huwezi kubana pua.

Mrija uwe wa urefu wa kama sentimita 35 hadi 40. Kuna watu wanadhani mrefu ndiyo bora, hapana. Ukirefuka unarudia kuvuta hewa yako mwenyewe, na kifua kinashindwa kuvuta dhidi ya uzito wa maji. Ung'ate mdomo wa mrija kwa ulaini, taya zisichoke. Maji yakiingia, usitoe mrija mdomoni, puliza kwa nguvu mara moja, "tuu!", kama unatoa mbegu ya chungwa, kisha vuta pumzi ya kwanza polepole.

Mapezi yabane kisigino bila kuuma vidole. Yakilegea yanachubua, yakibana misuli ya shavu la mguu inakaza katikati ya maji. Piga kutoka kwenye nyonga, goti likunjike kidogo tu. Ukipiga kama unaendesha baiskeli unatimua mchanga na kuwanyima wenzako kuona.

Jaketi la kuokolea. Hili sikilizeni hasa ninyi mliozoea Bahari ya Hindi. Maji baridi hayakubebi kama maji ya chumvi. Yule anayeelea Nungwi bila wasiwasi, huku miguu inazama. Kila mtu awe na jaketi la saizi yake, lenye kamba zote na vifungo vinavyofunga, na alijaribu ufukweni. Boti yenye majaketi yaliyofungiwa chini ya mizigo ihesabu haina majaketi.

Sasa majini kuna nini. Kosa la wageni ni kukimbilia kwenye kina. Anza maji ya magotini, lala, tulia dakika 2 bila kupiga miguu. Pale mawimbi yanapopiga kokoto kuna samaki mdogo, kichwa kimejikunja kama cha mbuzi, madoa ya bluu, anarukaruka chini kama panzi. Kibofu chake cha hewa ni kidogo, haelei, na ndiyo siri ya kutosombwa na wimbi. Sogea mita 2 hadi 5: wako wale wanaokwangua ukoga wa mawe siku nzima, weusi wenye mkanda, na watoto wao weusi wenye nukta nyeupe kama nyota. Wakikimbia usiwafuate. Baki palepale, watarudi, maana kila mmoja ana jiwe lake.

Palipo na mchanga tazama mashimo ya duara yaliyopangwa kama sahani. Dume ndiye amechimba kwa mdomo, punje kwa punje, ili jike ashawishike kutaga. Ukipiga pezi moja juu yake umebomoa nyumba. Kwenye makome matupu wanaishi samaki ambao jike anaingia mzima ndani ya kome, na dume wa aina mojawapo anazidi uzito wa jike zaidi ya mara 10 na kazi yake ni kukusanya makome. Na kuna mwizi mmoja anayekula magamba ya wenzake: mdomo wake umepinda, wengine kushoto, wengine kulia, kwa hiyo kila mmoja ana upande wake wa kuvamia. Mwongozaji anayeweza kukuonyesha huyo anajua kazi. Anayesema tu "samaki wengi, boss" amekuja kukusindikiza.

Ukiona vitu vidogo vya kioo, sentimita 2 hivi, vinafumba na kufumbua, ni yavuyavu wa maji baridi. Hawana madhara, ni bahati kuwaona.

Ukitaka kuzama: vuta pumzi mbili tatu za kawaida, bana pua na puliza taratibu kila mita moja kabla sikio halijauma. Kuhemahema haraka ili "kujaza hewa" ni hatari, unaweza kuzimia bila onyo. Mmoja azame, mwingine atazame.

Hatari. Nyufani kuna swila wa majini. Ana sumu kali, anakula samaki, mpole, anakukwepa. Shida inakuja ukimwekea mkono mlangoni. Mamba na viboko: usikubali kuogeleshwa karibu na midomo ya mito, matete au maji ya tope, iwe Luiche au Malagarasi, hata kama mwongozaji anasema hajawahi kuwaona. Tangu maji yalipopanda miaka ya karibuni fukwe nyingi zimepungua na kuna miti na kuta zilizozama, kwa hiyo usiruke kichwa mbele popote.

Jua la huku, nyuzi 5 tu kusini mwa ikweta, linachoma mgongo na nyuma ya magoti wakati wewe unahisi baridi ya maji. Fulana ya mikono mirefu ni bora kuliko krimu, na haichafui ziwa.

Gombe zaidi ya hayo: chakula kuleni ndani, si ufukweni. Nyani wa pale wanajua kufungua zipu kuliko wewe.

La mwisho ni kichocho, ambalo wauzaji hawapendi kulitaja. Kipo ziwani. Konokono wake wanapenda maji yaliyotulia, yenye majani, karibu na makazi, na vijidudu hutoka zaidi jua linapopanda. Miamba ya wazi inayopigwa na mawimbi ina nafuu kubwa, hiyo ni sababu nyingine ya asubuhi na ya Katonga kwenye mawe, lakini nafuu si sifuri. Kujifuta taulo haraka si kinga ya kutegemea. Andika tarehe uliyoingia majini, hesabu wiki 6 hadi 8, nenda kituo cha afya upime. Ukikutwa nacho, dawa ni prazikwanteli, kipimo kinafuata uzito wako, na mhudumu ndiye atakayekupimia. Wiki ya kwanza ni mapema mno, kipimo kinaweza kusema huna wakati unacho.