Skyward Sword HD ya Switch: wengi wanaongelea upanga, mimi naongelea ndege

Ukisoma watu wanavyoichambua hii gemu utakuta ni upanga mwanzo mwisho, kurusha mkono kulia kushoto manake upanga unafuata mkono wako ulioshika kidhibiti, nani bega lilimuuma nani aliizima akaachana nayo. Mimi nimeimaliza na nataka kuongelea kuruka, manake kwangu utamu wote uko hapo na lawama yangu kubwa iko hapohapo.

Kwa asiyeijua, The Legend of Zelda: Skyward Sword ilitoka 2011 kwenye Wii, mashine ya gemu ya Nintendo, alafu wakairudisha Julai 2021 kwenye Switch, mashine yao ya baadaye. Picha inateleza vizuri sana, fremu 60 kwa sekunde, na ukitaka kutumia stiki na batani badala ya kuzungusha mikono inakubali.

Sasa njoo Skyloft. Ni mji uko kwenye kisiwa kinachoelea juu ya mawingu. Zamani hizo mungu wao wa kike, Hylia, aliwapandisha watu huko ili wasiangamizwe na mfalme wa mapepo, vizazi vikapita mpaka habari za ardhi ya chini zikabaki hadithi tu, wengine hata hawaamini kama ipo. Kila mtu ana ndege wake, Loftwing, lidege likubwa la kupanda mgongoni, unampata ukiwa bado mtoto na ndo mko wawili maisha yote, sio kitu cha kuazimana. Na hao ndege hawavuki mawingu kwenda chini. Yaani dunia yao yote inaishia pale ndege anapogoma kushuka, hakuna serikali iliyokataza, hakuna ukuta, ndege tu basi. Nimeipenda sana hiyo, manake mabawa yaleyale yanayowapeleka kila mahali ndo yamewafungia huko juu bila mtu kujiona amefungwa.

Pembeni ya kisiwa kuna mbao zimechomoza nje hewani, hazina hata kamba ya kushikilia. Mtu anakuja mbio, anajirusha, anapiga mluzi akiwa tayari anaporomoka, ndege anatokea anamdaka, safari imeanza. Mara ya kwanza moyo ulinipasuka, lakini kwa watu wa pale ni kama sisi kutoka nje ya geti. Ndo maana Groose, mwanafunzi mkorofi, na wenzake wanapomficha ndege wa Link, kijana unayemchezesha, pangoni siku ya mashindano ya shule inauma kweli. Mashindano yenyewe ni kumfukuzia ndege aliyefungiwa kisanamu na kukinyakua kabla ya wengine, anayeshinda anapanda darasa la wakubwa wanaoelekea kuwa walinzi wa mji, kwaiyo kumnyima mtu ndege asubuhi ile ni kumzibia maisha, sio utani wa shule ule.

Alafu usiku. Loftwing haoni vizuri gizani, kwaiyo jua likizama mji wote unatulia, wanaobaki angani ni walinzi wa doria ambao ndege zao zimefunzwa. Ukijifanya mjanja ukajirusha usiku, mlinzi anakuja kukudaka na kukurudisha na maneno juu. Kuna kijana anaitwa Pipit anafanya hizo doria ili apate chochote cha kusaidia kwao, alafu mama yake anakulipa wewe umfagilie vumbi ndani, Pipit akijua anawaka! Kale kastori ni kadogo lakini kanakuonyesha kuwa hata huko mawinguni kuna wanaokesha kazini na kuna wanaolala.

Nilichopenda kuliko vyote ni duka la Beedle. Duka lenyewe linaruka. Linazunguka juu ya mji limening'iniza kengele, ukitaka kuliita unaipiga kengele kwa kitu cha kurusha kama manati, kamba inashuka unapanda. Ndani Beedle yuko kwenye baiskeli anakanyaga pedeli kwa nguvu zake, ndo injini hiyo, ukiongezeka wewe na uzito wako inabidi akaze zaidi, jasho linamtiririka huku wewe unaangalia bei. Sasa jaribu kutoka bila kununua kitu. Anakufungulia mlango wa chini ya miguu, unadondoka! Na haki yake kabisa, umemchosha bure.

Kuna na mgahawa wa Lumpy Pumpkin kwenye kisiwa cha peke yake, unatumwa kupeleka supu ya maboga mjini na supu inapoa ukizembea njiani. Na yule dada Orielle ndege wake kaumia, kakwama kwenye kajiwe katikati ya anga mpaka umletee dawa. Vitu kama hivyo ndo vinafanya uamini kwamba huu ni mji wa watu wanaoruka kweli.

Kuruka kwenyewe kukoje? Kutamu. Ukipiga mbizi kwenda chini unapata kasi, ukipiga mabawa unapanda ila kasi inapungua, kwaiyo unajifunza kupiga mbizi kidogo, kupanda, kupiga mbizi tena. Tatizo ni kwamba baada ya kuujenga mji vizuri hivyo wametuachia anga tupu. Ukitoka Skyloft unakuta vijiwe, makasha ya hazina, visiwa viwili vitatu vya michezo, basi. Unavuka bluu tupu kwenda kwenye tundu la mawingu unapojirusha mwenyewe kushuka chini bila ndege, na kila unapohama eneo huko chini lazima upande kwanza. Nilitamani vijiji vingine, wafanyabiashara wakina Beedle hata watano, watu wanaogombania njia za angani.

Na hili la amiibo, visanamu vya Nintendo unavyogusisha kwenye kidhibiti vifungue kitu ndani ya gemu, limeniudhi kabisa. Ukitaka kupanda angani kutoka popote huko chini bila kutafuta sanamu ya ndege, zile za ndani ya gemu zinazokurudisha juu, lazima uwe na kale kasanamu ka Zelda, rafiki yake Link, na Loftwing, kaliuzwa peke yake. Gemu tayari ilitoka kwa dola 60! Kuhama haraka ilitakiwa iwe ndani ya gemu.

Hata hivyo naipa 8 kwa 10, na 6 kati ya hizo ni za Skyloft. Ukiinunua usikimbilie kushuka chini, ongea na kila mtu mjini mchana na urudie usiku, na ukishapata manati tu nenda kwa Beedle. Amiibo msinunue, sanamu za ndege zinatosha.