Uzoefu wangu: maonyesho ya Oyneg Shabes, Warsaw

Kampuni iliyotutembeza Warsaw, Poland, ilitupitisha mbele ya jengo hili bila hata kusimama. Nikarudi peke yangu Jumapili, nikakaa ndani karibu saa tatu nzima. Ni Taasisi ya Historia ya Wayahudi, mtaa wa Tłomackie. Jumamosi pamefungwa kwa ajili ya Sabato, msiende mkagonga mlango bure.

Ukiingia tu, tazama sakafu ya ukumbi. Yale mabaka ni ya moto wa Mei 1943, Wanazi walipolipua Sinagogi Kuu lililokuwa jirani. Yameachwa vilevile.

Mwaka 1940, ndani ya geto, yaani mtaa uliozungushiwa ukuta ambamo Wanazi waliwafungia Wayahudi, mwanahistoria Emanuel Ringelblum alikusanya watu wa kuandika maisha ya Wayahudi kwa siri. Walikutana Jumamosi, wakajiita Oyneg Shabes, yaani furaha ya Sabato. Walitunza tiketi za tramu, karatasi za peremende, kadi za mgao wa chakula, insha za watoto wa shule. Vitu ambavyo mimi ningevitupa jalalani.

Lakini aliyenikaa moyoni ni mwandishi Rachel Auerbach. Ringelblum alimpa kazi ya kusimamia jiko la kugawa supu, mtaa wa Leszno namba 40, kisha akamwomba aandike anayoyaona. Aliandika njaa ya watu aliowajua kwa sura, waliokuja kila siku kupanga foleni, na akajiuliza kwa uchungu kama supu ile inamwokoa mtu au inakichelewesha kifo chake tu. Mama yangu ni mama lishe Tandika. Nimekua nikimwona akishtuka mteja wa kila siku asipotokea, akiuliza kila mtu yuko wapi. Kwa hiyo habari za Rachel nilizisoma polepole sana, nikarudia, na machozi yalinitoka.

Utaona pia mtungi wa chuma wa maziwa, mmoja wa miwili iliyofukiwa ikiwa imejaa karatasi. Kijana wa miaka 19, Dawid Graber, alishiriki kufukia masanduku ya kwanza ya karatasi hizo Agosti 1942, huku watu wakisombwa kupelekwa kambi ya mauaji ya Treblinka. Aliacha wosia kwamba wanakizika ardhini kile walichoshindwa kuupigia ulimwengu kelele.

Katika kundi zima, walionusurika kwa uhakika ni watatu tu. Rachel alikuwa mmojawapo, na baada ya vita hakunyamaza: alisisitiza kifusi cha geto kichimbuliwe ili karatasi zile zipatikane. Masanduku 10 yalipatikana Septemba 1946, na ile mitungi miwili Desemba 1950. Jumla ni kurasa kama 35,000.

Maelezo yapo kwa Kipolandi na Kiingereza. Natoa nyota tano. Ukienda, tenga saa mbili angalau, na usiipite meza ya Rachel haraka. Fungu la tatu la karatasi hizo, linaloaminika kufukiwa mtaa wa Świętojerska, halijapatikana hadi leo.