Wamemfuta Mshereheshaji: Uzoefu Wangu na CD za Jubilee

Niseme mapema, mtu asije akanunua kwa pupa kama mimi. Kisanduku hiki cha CD za Jubilee kimeniudhi mpaka kuna siku nilikigeuza kikatazama ukuta. Wiki hii nimekipiga kila jioni. Yote mawili ni kweli.

Jubilee kilikuwa kipindi cha redio ya jeshi la Marekani, kilichoanza mwaka 1942. Kilirekodiwa Hollywood mbele ya watazamaji, kwa ajili ya askari Weusi waliotawanywa katika Vita Kuu ya Pili. Hakikuwa na tangazo la sabuni wala la sigara. Kilitiwa kwenye santuri kubwa za inchi 16, nusu saa ikigawanywa pande mbili, zikasafirishwa hadi makambini. Wakubwa wa jazi walipita humo: Duke Ellington, Count Basie, Jimmie Lunceford, Lena Horne, Art Tatum. Na mwenyeji wao, kwa sehemu kubwa ya miaka ile, alikuwa Ernie Whitman, waliyemwita Bubbles, mtu wa mwili mkubwa na kicheko kikubwa zaidi.

Babu yangu alikuwa KAR, jeshi la Waingereza la askari wa Afrika Mashariki, akapelekwa Burma. Habari za redio hakuwahi kutusimulia. Lakini siku niliposikia kwamba kulikuwa na kipindi kilichotengenezwa kwa ajili ya watu weusi waliovaa magwanda katika vita ile ile, moyo ulinituma nikisikie. Shemeji yangu alikuwa anarudi kutoka Marekani, mwaka juzi au mwaka ule wa kabla yake, nikamwagiza akanibebea.

CD ya kwanza. Nimekaa, chai iko mezani. Bendi inaingia, wimbo unapigwa, unaisha. Kimya. Wala si kile kimya cha ukumbini ambacho bado unasikia watu wakihema. Kimya tupu. Kisha wimbo mwingine, kisha kimya tena. Nikadhani mashine yangu ina kasoro. Nikaipangusa, nikaweka ya pili, nikaweka ya tatu.

Kwenye ya tatu ndipo nilipoelewa. Kabla Lena Horne hajaanza kuimba kuna kipande cha kicheko cha mwanamume, hakifiki hata sekunde moja, kimekatika kama mkia wa mjusi. Ni Whitman. Walimfuta kote, hapo tu mkasi ukawateleza. Na makofi wameyafyeka, na miluzi, na yale maneno ya kutaniana kati yake na wageni. Kipindi kizima kimegeuzwa rundo la nyimbo.

Hebu mtu achukue kanda ya taarabu, afute vigelegele, afute akina mama wanaoinuka kwenda kutunza, afute mwimbaji akitajiwa majina ya kuwataja. Akuletee iliyobaki akwambie hii ndiyo shughuli. Utakubali?

Nikampigia muuzaji, simu ya ng'ambo, kwa vocha yangu. Nikamwuliza kwa adabu maneno ya mshereheshaji yako wapi. Akanijibu kwamba zile ni porojo, watu wanataka muziki. Nikamwambia mimi nilizitaka hizo porojo. Akaniuliza kama, kwa lafudhi yangu ile, ningeelewa hata neno moja. Nilikuwa bado natafuta la kumjibu akakata simu.

Porojo! Jeshi lililotengeneza kipindi hiki ndilo lililowatenga askari hao hao, vikosi mbali, mabweni mbali, na amri ya Rais Truman ya kukomesha jambo hilo haikutoka mpaka 1948. Sasa jiweke mahali pa kijana wa namna hiyo. Anachimba barabara au anapakua meli maili elfu kadhaa kutoka kwao, jioni santuri inawekwa, na mtu anaongea naye kwa mazungumzo ya mtaani kwao, anacheka kwa kicheko cha kwao, anawaleta mbele wakubwa wa muziki ambao ni watu wake. Wimbo angeweza kuusikia kwingine. Mtu wa kumsemesha hivyo, rasmi, redioni, angempata wapi? Ndiye huyo waliyemfuta.

Nilipofika hapa nilikuwa nimeshaandika kwamba msinunue. Nimefuta, kwa sababu nitakuwa nawadhulumu wanamuziki. Tarehe 1 Agosti 1942 chama cha wanamuziki cha Marekani kiligoma kurekodi kwa ajili ya kampuni za santuri, na zile kubwa mbili, Victor na Columbia, hazikupatana nacho mpaka Novemba 1944. Santuri za jeshi ziliruhusiwa. Kwa hiyo kuna bendi ambazo sauti yao ya miaka hiyo isingetufikia kama si vipindi vya namna hii. Sikiliza tarumbeta na saksafoni za Benny Carter zinavyopokezana, sikiliza CD ya mwisho, mwaka 1945 unaishia, Dizzy Gillespie na Charlie Parker wameingia na jazi mpya inayokwenda mbio kama inafukuzwa. Niliirudia mara nne nikiwa nimesimama. Vitu hivi vinastahili nyota tano.

Lakini hata hapo, wanapomaliza, ukumbi unanyang'anywa. Umati ule ulipokeaje muziki mpya kiasi kile? Walishangilia, au walitazamana? Whitman alisema nini? Mtu mmoja kwenye kompyuta yake ameamua kwamba mimi sihitaji kujua.

Nyota mbili. Nilianza na moja, jana usiku nikaweka nne, asubuhi nikakumbuka ile simu. CD sizirudishi. Kama kuna mwenye vipindi vizima vya Jubilee, na mikwaruzo ya sindano na maneno yote ndani, aniambie bei yake.